Misa Tatu kwa Mama Aliye Hai

Jumamosi asubuhi soko la Cabramatta, mjini Sydney, halina subira na mtu. Wauzaji wa Kivietnamu wanaita bei kwa sauti za kukata, mikokoteni inapanda watu vidole vya miguu, samaki wanarukaruka kwenye beseni, na ukisimama njiani ufikirie jambo, utasukumwa mpaka ulimalizie duka la tatu. Généreuse hakusukumika. Alikuwa amejipachika mbele ya lundo la mihogo kama mtu aliyefika kwenye kesi yake, amevaa sketi ya kitenge rangi ya machungwa na sweta nzito kwa baridi ya Juni, akivunja kila muhogo ncha aone weupe wa ndani.

"Jambo, dada. Huu muhogo uko muzuri? Na mimi niko mutu wa Bukavu."

Akageuka. Mwanamume mrefu, koti la kijivu, shati jeupe limenyooka, ndevu zimechongwa utadhani kwa uzi. Kiswahili cha Kivu kilimtoka vizuri, hata ule mvuto wa mwisho wa neno. Généreuse moyo ukamruka, kwa maana mtu wa kwenu ni mtu wa kwenu. Kisha akamtazama mikono. Alikuwa anaubonyeza muhogo kwa kidole gumba, polepole, kama anayepima parachichi.

"Bukavu ya wapi?" akamuuliza.

"Kadutu."

"Na kule Kadutu mihogo inaivaga, inakuwa laini?"

Yule bwana akasita. "Kidogo."

"Papa, weka chini muhogo wa watu. Weye hauko mutu wa Bukavu. Hauko hata mutu wa Kongo."

Bwana akacheka kicheko kikubwa, na Ukongo wote ukamdondoka palepale kama koti lililokosa kifungo. "Umenishika! Tangu asubuhi nimeongea na Wakongo kumi na mmoja. Wote wameniuliza habari za nyumbani. Wewe tu umenishika."

"Unadanganya batu sababu gani? Uko polisi?"

"Mbaya zaidi. Ni mwigizaji."

Jina lake Mwiti. Wazazi wake Wameru wa Kenya, yeye amezaliwa Leicester, Uingereza, na sasa ameletwa Sydney kuigiza mchungaji wa Kikongo kwenye tamthilia ya televisheni. Kupiga picha kungeanza Septemba. Mpaka hapo alikuwa na kazi moja tu, kujifunza kuwa Mkongo.

"Basi nunua kwanza muhogo," Généreuse akamwambia, "halafu nitakuonyesha unavyoshikwa."

Hivyo ndivyo ilivyoanza, kwa uongo uliochekesha. Uongo wa kuchekesha haumtishi mtu, ndiyo maana huingia ndani bila kubisha hodi.

*

Généreuse alikuwa na miaka ishirini na minane, si msemaji sana, ila macho yake hayakupitwa na kitu. Aliishi Penrith, pembezoni mwa Sydney, na mama yake, Mama Cécile, na kila siku alipanda treni zaidi ya saa nzima, kisha tramu, mpaka nyumba ya wazee pale Kensington alikokuwa akiwaogesha na kuwalisha. Mwiti alikuwa amepanga chumba Kensington hiyohiyo, kwenye nyumba ya wanafunzi wa chuo. Ikawa zamu ikiisha, yeye yuko kituoni na vikombe viwili vya chai.

"Umeigiza nini na nini, bwana filamu?" alimuuliza siku moja.

"Kwa miaka kumi na nane hii? Dereva teksi mara tisa. Askari wa pili. Nesi anayeleta habari mbaya. Mfalme wa nchi isiyo na jina."

"Askari wa kwanza?"

"Wa kwanza ndiye anaongea, mpenzi. Mimi nafungua mlango."

Akacheka mpaka chai ikamwagika. "Na bado unaipenda?"

"Watu wanaujua uso wangu, jina hawalijui. Ningekuwa mwizi ningefungwa zamani." Akamfuta chai mkononi kwa ncha ya skafu yake. "Safari hii jina langu litaandikwa mwanzoni, Gené. Peke yake, kwenye kioo kizima. Mara ya kwanza."

Na kweli uso wake ulijulikana. Siku moja wakiwa kwenye tramu, bibi mmoja wa Kizungu alimkazia macho Mwiti toka kituo hadi kituo, halafu akanyanyuka akamshika mkono. Akamwambia: wewe ndiye daktari uliyemhudumia mume wangu mwaka ule, sikuwahi kukushukuru. Généreuse akangoja Mwiti amwambie mama wa watu kwamba amekosea. Mwiti akaufunika mkono wa bibi kwa mkono wake, sauti ikashuka, ikawa ya daktari hasa.

"Alikuwa mtu jasiri sana," akasema. "Alikutaja."

Bibi akashuka analia, anatabasamu.

"Sababu gani umemdanganya?" Généreuse akauliza.

"Alihitaji daktari. Nimempa daktari. Kuna ubaya?"

Kweli, yule bibi alishuka na furaha kuliko alivyopanda. Lakini jambo lile Généreuse alilikunja akaliweka moyoni.

Mwezi wa Julai ukaingia na simu za kila jioni. "Umekula? Umefika? Umevaa nini?" "Nimevaa yunifomu yenye uji wa mzee Mzungu, njoo unibusu." "Nakuja." "Penrith mbali." "Hata kama treni inaishia mbinguni, nakuja." Jumapili moja, bustanini, wamekaa juu ya koti lake la kijivu, akasema bila kucheza na sauti yoyote, "Généreuse, nataka kukuoa."

"Kwetu mwanamume hajiposei. Leta wazee wako. Mama atawasikiliza wao, wewe utanyamaza kama mgeni."

Mwiti akatazama nyasi. "Wazee," akasema.

"Baba uliniambia amekufa. Mama je? Baba mdogo? Shangazi? Hata mmoja."

"Watakuja," akasema.

*

Walikuja kweli, Jumamosi ya mwisho ya Julai, saa nane mchana. Nyumba ya Penrith ilinukia sombe, majani ya muhogo yaliyopondwa, na mbuzi wa kuchoma, viti vimepangwa uani pande mbili zikitazamana. Upande wa mke alisimama Papa Ildephonse, kaka yake Mama Cécile, suti ya buluu iliyombana kifuani. Upande wa mume alikaa Mwiti, kimya, kichwa chini, na kando yake mzee mmoja mwenye kofia ya kahawia, mrefu, mwenye mvi za heshima, aliyejulishwa kama Mzee Muriuki, baba mdogo, ametua jana kutoka Uingereza.

"Nani anasema kwa ajili ya kijana?" Papa Ildephonse akauliza.

"Mimi, mdogo wa marehemu baba yake," mzee akajibu, akavua kofia.

Jamani, yule mzee alijua kusema! Alianza na mzaha, watu wakacheka. Akasifu chakula ambacho hakijapakuliwa. Papa Ildephonse akamtania, "Mtoto wenu anafanya kazi gani hiyo, ya kuwa mtu mwingine kila siku?" Mzee akajibu, "Ndiyo maana tumekuja hapa, shemeji, apate mtu wa kumkumbusha yeye ni nani." Watu wakapiga makofi. Halafu sauti ikamshuka. Akasema kijana huyu hana mama. Kwamba mama yake, Kendi, alikufa akimshika mwanawe mkono, na neno lake la mwisho lilikuwa, "Mtafutieni mke atakayempikia nikiwa sipo." Akatoa kitambaa cheupe, akajifuta jicho moja kwa ncha, jicho la kushoto tu, taratibu.

Wanawake wote wakalia. Mama Cécile akainuka kitini, jambo lisilofanyika kabla mazungumzo hayajaisha, akavuka ua, akamshika Mwiti kichwa akakilaza tumboni mwake.

"Mwanangu," akamwambia. "Mutoto hakosake mama. Kuanzia leo miye niko mama yako. Huyo Kendi nitamuombea miye mwenyewe."

Mwiti akalia. Généreuse aliyaona machozi yake, naye akalia.

Na Mama Cécile si mtu wa maneno ya bure. Jumapili tatu mfululizo aliandikisha misa kwa padri, na mara tatu jina likasomwa mbele ya kanisa zima, katikati ya orodha ya wafu: marehemu Kendi. Kila Ijumaa alifunga, hanywi hata chai. Mwiti akimpigia, yeye anamwambia, "Papa, leo niko pamoja na mama yako."

Na Mwiti anajibu, "Aksanti, mama."

*

Siku ya Jumanne, saa nne asubuhi, Généreuse alikuwa anamlisha mzee mmoja uji kwenye sebule ya nyumba ya wazee. Televisheni ilikuwa imewashwa kama kawaida, hakuna anayeitazama. Likaja tangazo la bima ya mazishi. Babu mmoja mweusi amekaa barazani, wajukuu wamemzunguka, anasema kwa Kiingereza cha Sydney kabisa kwamba tangu mkewe afariki amejifunza kujipanga mapema. Akatoa kitambaa cheupe. Akajifuta jicho la kushoto kwa ncha, taratibu.

Kijiko kikabaki hewani.

Alitoka nje kwenye veranda akampigia Mwiti simu.

"Malaika wangu! Saa hizi si uko kazini?"

"Baba yako mudogo anafanyaga kazi gani?"

"Mzee Muriuki? Amestaafu. Kwa nini?"

"Nimemuona kwenye televisheni anauza bima."

Mwiti akacheka kicheko chepesi. "Gené, wazee weusi wenye mvi wote wanafanana kwenye televisheni. Hata mimi hufananishwa kila siku, umeona mwenyewe."

Kicheko kilikuwa kizuri. Lakini ni kilekile alichozoea kumsikia Mwiti akiwachekea wenye duka, kondakta, wenye nyumba; na yeye alikuwa hajawahi kuchekewa hivyo. Ndipo akajua.

Zamu ilipoisha hakungoja achukuliwe kituoni. Alitembea mpaka ile nyumba ya wanafunzi, akapita jikoni bila kuvua yunifomu, akafungua mlango wa chumba. Mwiti alikuwa amekaa kitandani na karatasi za maneno yake. Na juu ya kiti, amevua viatu, anamsomea sehemu ya mtu wa pili, alikaa Mzee Muriuki.

"Shikamoo, baba mdogo," Généreuse akasema.

Mzee akatazama viatu vyake, akatazama dirisha. Akasema kwa Kiingereza kwamba anaitwa Ishmael, kwamba amezaliwa hapahapa Sydney, kwamba ile hotuba na majibu ya utani alikaririshwa na Mwiti wiki nzima, na alidhani familia inajua ni desturi tu ya maonyesho. "Samahani, binti," akamalizia, neno la Kiswahili alilobaki nalo, akatoka ameshika viatu mkononi.

"Keti, mpenzi, nieleze," Mwiti akaanza.

"Usiniite mpenzi. Mama alilia mbele ya yule mutu."

"Ningefanya nini? Uliniambia bila mzee hakuna ndoa. Sikuwa na mzee."

"Ungesema sina! Tungecheka, Papa Ildephonse angekutafutia mutu kanisani akusimamie, mutu mwenye jina lake. Batu wangapi wamefika hapa bila ukoo? Nusu ya Penrith!" Akashika kitasa cha mlango atoke. Halafu swali la pili likamjia, akaliogopa kabla hajalitoa. "Mwiti. Mama yako alikufa mwaka gani?"

Mwiti akapanga upya karatasi zake.

"Mwaka gani?"

"Yuko Leicester," akasema chini kabisa. "Analima nyanya nyuma ya nyumba. Hatuongei."

"Hajakufa."

"Onyesho lilihitaji... Nilifikiri mama yako angeuliza kwa nini hakuja. Ikawa rahisi zaidi." Machozi yakaanza kumtiririka. "Gené, nakupenda. Hilo tu sikuliigiza."

Akamtazama yale machozi, moja baada ya moja, kama anayekagua ncha za mihogo. Hakuweza kuyatofautisha na yale ya uani. Hapo ndipo palipouma. Mtu akikuibia mali, yale mengine ya nyumbani bado unayajua ni yako. Huyu alimwachia kila kitu, na hakuna hata kimoja alichoweza kukiamini.

"Nipe namba ya mama yako," akasema.

"Kwa nini?"

"Sababu tumemzika."

Mwiti akafuta macho. Kisha akachukua kalamu akaiandika pembeni mwa karatasi ya maneno yake, akaichana, akampa.

*

Mama Cécile aliposikia, alizima jiko kwanza. Akakaa. "Nimemutaja mutu muzima katikati ya batu benye kufa," akasema. "Mara tatu. Bwana Yesu, kama alikuwa na miaka kumi imebaki, nimemukata ngapi?"

"Mama, si kosa lako."

"Kosa liko la mutu mwingine, lakini mudomo ni wangu. Piga simu. Nitamuomba masamaha miye mwenyewe."

Upande wa pili wa simu sauti ilikuwa nzito, ya mtu anayetafuna kitu. Généreuse akajieleza kwa taratibu, jina, mji, Mwiti, posa, mzee wa uongo. Alipofika kwenye misa, akasema harakaharaka.

"Misa ngapi?" ile sauti ikauliza.

"Tatu, mama."

Mama wa watu akacheka, kicheko kikavu kilichoishia njiani. "Hapa Leicester nina miaka thelathini na nane na sijawahi kuombewa hata moja nikiwa mzima. Huyo mama yako yuko hapo? Mwambie asante. Mwambie sijafa, sukari tu inanisumbua."

Mama Cécile akaishika simu kwa mikono miwili. Wakaongea karibu nusu saa, mmoja Kiswahili cha Bukavu, mwingine cha Meru, wakirudiarudia mpaka waelewane, wakilia kidogo, wakiulizana dawa za sukari. Simu iliporudi kwa Généreuse, Mama Kendi alikuwa amepoa.

"Alikwambia kwa nini hatuongei?"

"Hapana."

"Baba yake alikufa miaka tisa iliyopita, tukampeleka nyumbani Meru. Mwiti ni mtoto wangu wa kwanza. Tukamngoja siku mbili mwili uko pale. Hakuja. Alikuwa amepata kazi ya siku mbili kwenye filamu. Unajua alikuwa anaigiza nini?"

"Hapana, mama."

"Maiti. Alilala kwenye meza ya Wazungu amefumba macho siku baba yake anafukiwa. Na hata jina hawakumwandika."

Généreuse akafunika mdomo.

"Jiwe la kaburi huwekwa na mtoto wa kwanza. Nimengoja miaka tisa, kaburi ni udongo mtupu. Sasa nimechoka, naliweka mwenyewe, Jumamosi ya pili ya Septemba, saa nne asubuhi. Sikiliza, mwanangu. Mimi simsemei. Usinihesabu kama mzee wake. Kama ningekuwa wewe, nisingemwoa."

Hilo ndilo neno la kwanza katika jambo zima ambalo Généreuse aliliamini bila kulichunguza. Hakuna mtu wa kukodi anayesema hivyo.

*

Mwiti alikuja Penrith Jumapili, peke yake. Hakuvaa koti la kijivu, ndevu zilikuwa zimeota ovyo. Mama Cécile alimfungulia mlango, akampa maji, akaingia chumbani. Hakumwita tena mwanangu.

"Jumamosi ya pili ya Septemba, saa nne asubuhi, Meru," Généreuse akamwambia. "Mama yako anaweka jiwe la baba yako."

Rangi ikamtoka. "Jumatatu ya wiki ileile tunaanza kupiga picha, na nikiondoka tu nafasi inaenda kwa mwingine. Siku ya kwanza ni yangu. Gené, ni jina langu. Peke yake kwenye kioo."

"Nimesikia."

"Unaniambia nichague?"

"Mimi sikuambii kitu. Nimekupa tarehe."

"Na nikienda? Utanirudia?"

"Usiende kwa ajili yangu. Ukienda kwa ajili yangu utakuwa unaigiza tena, na safari hii mbele ya kaburi." Akamfungulia mlango. "Nenda, Mwiti. Maji umekunywa."

Aliposhuka ngazi Généreuse alitaka kumwita. Akajizuia. Akakaa sakafuni nyuma ya mlango uliofungwa, akalia kwa kuuma mkono wa sweta, ili mama asisikie; na mama chumbani alikuwa analia kwa kuuma mto, ili mtoto asisikie.

Wiki tatu hakupiga simu wala hakupigiwa. Jerotich, nesi Mkenya waliyefanya naye kazi, alimwambia, "Achana naye, girl, huyo ni mtu wa drama," na Généreuse akajibu, "Nimeachana," kisha akaenda chooni kutazama simu kama ina mtandao.

Jumamosi ya pili ya Septemba, saa kumi na moja jioni, Mama Kendi alipiga kwa video. Binamu mmoja alikuwa ameshika simu. Mama Cécile akaja mbio na miwani. Wakaona kilima cha kijani, migomba, maturubai mawili, kwaya ya wanawake waliovaa buluu, jiwe jipya limefunikwa kitambaa cheupe, na Mama Kendi mwenyewe, mfupi, mnene, kofia ya maua, mzima kabisa. Mama Cécile akafanya ishara ya msalaba.

Généreuse hakutazama jiwe. Alitazama watu, safu kwa safu, uso kwa uso, kama mtu anayehesabu watoto baada ya gharika. Mbele, ndugu. Katikati, wazee. Hakumwona. Safu ya tatu, hakumwona. Akajiambia, vizuri, sasa umejua, sasa utalala.

Ndipo simu ikayumba, ikaonyesha nyuma kabisa ya maturubai. Mwanamume mrefu alikuwa amebeba viti vya plastiki, sita kwa mpigo, amekanyaga tope kwa magambuti ya kuazima yasiyomtosha. Akaviweka, akarudi kuchukua vingine. Hakuna aliyemsemesha. Yule binamu alimfuata na simu karibu kabisa, na mtu ambaye miaka kumi na nane alijua kamera iko wapi hata akifumba macho, alipita mbele yake bila kuitazama.

"Yupo," Généreuse akasema.

"Analia?" mama akauliza, miwani imeingia ukungu.

"Anabeba viti."

Mama Cécile akatikisa kichwa. "Eeh. Hiyo ndiyo kazi ya mutoto wa marehemu."

Baada ya saa nzima simu ililia tena. Namba ya Kenya. Généreuse akaiacha iite mara nne, akatoka nayo uani.

"Gené." Sauti ilikuwa imekauka, imejaa vumbi, haina umbo. "Nimefika."

"Nimeona."

"Nilifika jana jioni. Nafasi yangu wamempa mwingine."

"Nani?"

"Ishmael. Mzee Muriuki wa kukodi."

Kicheko kilimtoka kabla hajakizuia, akakikata katikati, kwa sababu hasira ilikuwa bado ipo palepale, haijasogea hata hatua.

"Mama hajanisemesha," Mwiti akasema. "Tangu jana. Amenionyesha tu viti vilipo."

"Hata mimi sijakusemesha," Généreuse akamwambia. "Nimepokea simu tu."

"Sawa," akasema. "Sawa."

Kule Meru mtu alikuwa anaita watu wakale. Wala Mwiti hakukata simu, wala Généreuse hakukata.